Kifuku Tulichopiga Filamu Haneti

Novemba 21, Msalato

Nimekubali kazi. Nilipomwambia mume wangu, Ernest, hakuacha hata kumwagilia mizabibu yake ya uani. Alisema tu, "Nilijua. Tangu asubuhi unaimba."

Ni filamu ndefu, ya kwanza kwa mwongozaji wake, binti wa Dar es Salaam anayeitwa Tumsifu. Ametengeneza filamu fupi ambazo watu wanazisifu. Alinipigia simu akasema, "Mama, nimeambiwa ukiwepo wewe kazi inaanza kwa wakati." Najua mtu akikusifia hivyo anataka kitu, ila nimefurahi.

Tumeoana na Ernest miaka yote hii, na mpaka leo akiulizwa mkewe anafanya kazi gani anajibu, "Anapiga kelele ili watu wanyamaze." Hajakosea sana. Mwongozaji ndiye anayeota. Msaidizi wa mwongozaji ndiye anayehakikisha ile ndoto ina gari, ina chai, ina mwigizaji aliyeamka akavaa shati lile lile la jana. Nilianza kazi hii kifungua mimba wetu akinyonya. Sasa naye ananyonyesha wake.

Tunapiga Haneti, kifuku kizima, tangu mvua ya kwanza hadi mavuno.

Novemba 29, Haneti

Tumefika tukiwa wekundu kwa vumbi kama matofali. Nyumba ya wageni ni safi, maji yapo asubuhi tu. Chumba changu kinapakana na cha Hassani, mpiga picha wetu, Mrangi wa Kondoa ambaye nimefanya naye kazi tangu ana nywele. Kumkuta Hassani kwenye kazi ni kama kukuta ndugu msibani: unajua angalau kuna mtu wa kukaa naye.

Filamu bado haina jina. Inahusu mama mzee aliyefiwa na mumewe, mwanawe anatoka mjini kuja kumchukua, naye anakataa kuliacha shamba lake. Mwana ataigizwa na Edward, kijana anayejulikana kwenye tamthilia. Mama ataigizwa na mama mwenyewe: Mama Loisi, mkulima wa hapa hapa, mjane, ambaye hajawahi kusimama mbele ya kamera. Tumsifu alimwona mwaka jana mnadani akigombana na mwenye mbuzi, akamfuata hadi kwake.

Nimekwenda kumwamkia. Nyumba yake ni tembe lililozeeka vizuri, ng'ambo ya korongo la mchanga, na shamba lake liko hapo hapo nyuma.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Mbukwa."

Nikamjibu kwa Kigogo. Akanitazama upya, toka kichwani hadi kwenye viatu.

"Kumbe wa hapa!"

"Wa Kongwa, mama."

"Kongwa," akasema. "Huko Wazungu walikolima karanga, karanga zikakataa." Akacheka mpaka akajishika mbavu, kwa utani ambao nadhani amekuwa nao tangu usichana. Nimempenda.

Desemba 3

Jua. Vumbi. Tumepiga sini tatu, matukio matatu ya filamu.

Desemba 9

Tumsifu amemrudisha Edward kwenye mlango ule ule asubuhi nzima. Ingia. Toka. Ingia tena. Edward akauliza, kwa heshima, nini hasa kinakosekana. Tumsifu akajibu, "Nitajua nikikiona."

Nimewaona wengi wa namna hii. Mwongozaji asiyejiamini huwachosha wengine ili asichoke peke yake. Nimemwambia Hassani hivyo wakati wa chakula. Hassani akasema, "Mpe muda, mama." Hassani humpa kila mtu muda, ndiyo maana ana wake wawili na wote wanampenda.

Desemba 14

Mvua imenyesha alfajiri. Mvua ya kwanza, nzito, yenye harufu ile ambayo mtu wa huku akiisikia popote duniani atajua yuko nyumbani.

Saa moja tulikuwa kwenye lokesheni, pale pa kupigia picha, kamera imefungwa, chai imechemka. Hakuja mtu. Mama Loisi hakuja. Majirani walioahidi kuigiza kikao cha ukoo hawakuja. Hata mpishi wetu hakuja.

"Wako wapi?" Tumsifu akauliza.

"Shambani."

"Lakini tulikubaliana! Ratiba wanayo!"

"Walikukubalia kabla mvua haijanyesha," nikamwambia. "Ardhi ikilowa hivi leo, unapanda leo. Ukisubiri keshokutwa, umechelewa mwaka."

Akakaa juu ya sanduku la taa, akashika kichwa. Nikamwacha hapo, nikavua viatu nikavuka kwenda kwa Mama Loisi. Nilimkuta ameinama, jembe linakwenda, mbegu za uwele kwenye kibuyu kiunoni. Hakusimama. Nikachukua jembe lililokuwa limelala, nikaanza mstari wa pili. Tulifika mwisho wa shamba ndipo aliponiuliza, "Mtoto amekasirika?"

"Amekasirika."

"Atapoa. Mwambie jua likiwa utosini nakuja. Asubuhi mimi ni wa jembe."

Desemba 15

Nimepanga ratiba yote upya. Asubuhi tunapiga sini za Edward peke yake, mandhari, wanyama, mikono, milango. Mchana tunapiga za Mama Loisi. Tumsifu ameisoma, akapinga, akaisoma tena, akasema, "Sawa." Hakusema asante. Mgongo unaniuma kwa kulima, na ni maumivu mazuri.

Desemba 25, Msalato

Tumefunga kwa sikukuu. Ernest amepika pilau, imeshika kidogo chini. Wajukuu wamevunja kiti. Nimelala mchana kutwa kama mgonjwa.

Januari 8, Haneti

Leo kazi imekwama kweli.

Ilikuwa sini kubwa kuliko zote: habari za kifo cha mume zinafika, na mama analia. Tumsifu aliiandika kurasa mbili. Analia mlangoni, anaanguka, anagaagaa, majirani wanamshika. Majirani walikuja, wamefunga khanga viunoni. Hassani alikuwa tayari. Nikapiga kelele yangu, "Kimya!" pakawa kimya, Tumsifu akasema, "Action."

Mama Loisi alisimama mlangoni akatazama mbele, basi.

"Kata. Mama, hapa unalia."

"Nimesikia."

"Tuanze tena."

Wakaanza tena. Akasimama vile vile. Tumsifu akamsogelea, akamshika mkono, akasema kwa sauti ya upole, na naamini alidhani anasaidia: "Mama, mkumbuke mzee wako. Siku ile alipofariki. Kumbuka walivyokuletea habari."

Uso wa Mama Loisi ulijifunga kama dirisha. Akautoa mkono wake.

"Mume wangu nilimlilia," akasema. "Nilimlilia mara moja, akazikwa, tukamaliza matanga. Leo nimlilie nani? Mlango huu ni wangu. Kilio ukikiita kwenye mlango wako, kinakuja."

"Mama, ni mchezo tu."

"Chezeni vingine."

Akaingia ndani. Majirani nao, mmoja mmoja, wakafungua khanga zao viunoni wakaondoka. Walikuwa wamesubiri tu aseme yeye.

Tumsifu akanigeukia. "Mama Dorkasi, nenda ukaongee naye. Wewe unajua lugha yake."

"Lugha ninaijua," nikasema. "Na kwa Kigogo ataniambia hayo hayo."

"Kwa hiyo nifanye nini? Filamu yote inasimama juu ya kilio hicho!"

Nilikuwa upande wa Mama Loisi, na nilikuwa upande wa filamu, na nilikuwa nimesimama katikati ya uwanja nikiwa na kipaza sauti mkononi, sina cha kutangaza. Mwishoni nikasema kitu pekee nilichokuwa na mamlaka nacho. Nikasema leo basi, turudi, watu wapumzike, na kesho hakuna kazi.

Januari 9

Mapumziko. Nimefua. Tumsifu hayupo chumbani kwake tangu asubuhi.

Januari 10

Nimejua alikokuwa. Nimemkuta kwa Mama Loisi, shambani, anapalilia. Anapalilia vibaya, amekata uwele pamoja na majani, na Mama Loisi anamfokea kama mkwe. Viganja vyake vimetoka malengelenge. Nilisimama ng'ambo ya korongo nikaamua kutovuka. Kuna wakati kazi ya msaidizi ni kutotokea.

Januari 11

Tumsifu amekuja kugonga mlango wangu kabla ya chai. Macho yamemwiva.

"Mama, nimemuuliza. Sikumuuliza alilia vipi. Nimemuuliza alifanya nini kesho yake, baada ya mazishi. Unajua alifanya nini?"

"Alifanya nini?"

"Alikwenda kupalilia. Ilikuwa mwezi kama huu. Anasema wanawake wenzake walimsema sana, eti hana huzuni. Lakini majani yalikuwa yanakua, mama. Majani hayakujua kuna msiba."

Amefuta zile kurasa mbili. Sasa habari zinafika, mama anasikiliza, anashukuru aliyeleta, anachukua jembe, anakwenda shambani. Kamera inamfuata kwa nyuma.

Tumepiga mchana. Mara moja tu. Tumsifu aliposema "kata" hakuna aliyesogea. Fundi sauti alikuwa anafuta macho kwa manyoya ya maikrofoni.

Nilimwandika vibaya huyu binti tarehe tisa mwezi uliopita. Anajua kuuliza. Wengi niliofanya nao kazi walijua kujibu tu.

Januari 19

Manyunyu. Uwele umefika magotini.

Januari 27

Nimegombana na mwongozaji mbele ya watu wote. Nitaandika polepole.

Jioni tulikuwa ndani ya korongo. Edward na mama yake wa filamu wanatembea juu ya mchanga, jua limelala, kila chembe ya mchanga ina kivuli chake. Uzuri mtupu. Tumsifu alikuwa amekaa wiki nzima akiusubiri mwanga ule.

Nami nilikuwa natazama kaskazini. Upande wa Kondoa anga lilikuwa jeusi tii, na umeme ulikuwa unacheza chini ya wingu. Kwetu hapakuwa na tone. Lakini korongo halinyeshewi hapa, linanyeshewa huko juu. Miaka ya nyuma, kwenye kazi nyingine, nimeona korongo kavu likijaa maji ghafla na kuchukua lori lenye jenereta, na waliokuwa wanakula ndizi kando yake walidhani kwanza ni sauti ya treni.

"Tumsifu, tunatoka."

"Tek moja, mama. Tunapiga mara moja tu."

"Hapana. Watu wote juu. Sasa hivi."

"Mama, mwanga huu siupati tena!"

"Utaupata kesho. Hassani, shusha kamera."

Akanijia mpaka karibu. Sauti yake ilikuwa ndogo lakini kila mtu aliisikia. "Wewe ni msaidizi, mama. Msaidizi. Mwongozaji ni mimi."

"Ni kweli," nikasema. "Filamu ni yako. Uhai wa watu kwenye seti ni kazi yangu. Hassani."

Hassani akamtazama yeye, akanitazama mimi, akashusha kamera. Mama Loisi alikuwa ameshaanza kupanda ukingo, ameshika viatu mkononi. Tukatoa masanduku, tukatoa nyaya, tukavuka. Tukakaa kwenye magari tukitazama korongo.

Maji hayakuja.

Januari 28

Leo asubuhi mbuzi walikuwa wanapita katikati ya korongo. Mchanga mkavu. Mawingu yamekwenda zake. Jioni Tumsifu alirudi mahali pale na mwanga ulikuwa wa kawaida, wa vumbi.

Hanisemeshi. Ananipitishia maneno kwa Edward.

Januari 30

Nimempigia Ernest nikamwambia nataka kurudi nyumbani. Akasema, "Rudi. Kuku wamekukumbuka." Kisha akaongeza, "Lakini ukirudi, huko nani atawapigia kelele?"

Nilipokata simu Hassani alikuwa anapita na birika. Akakaa. "Mama," akasema, "kazi yako ikienda vizuri hakuna kinachotokea. Sasa utamwonyesha nani kitu ambacho hakikutokea?"

Nimefunga begi, nimelifungua.

Februari 4

Jua.

Februari 7

Jua. Mama Loisi ametema mate akitazama juu.

Februari 11

Jua. Tangu lile wingu langu la korongoni, hakuna tone. Wanakijiji wanatania kwamba niliifukuza mvua kwa kipaza sauti. Nacheka nao. Chumbani sicheki.

Februari 16

Uwele umeanza kujikunja. Majani yamekuwa kama mikia ya panya. Ukipita katikati ya mistari unasikia yanavyokwaruzana, sauti ya karatasi.

Leo ilikuwa siku ya sini za ukame. Tulipanga kwenda kutafuta shamba lililokufa, kokote tutakakolipata. Hatukuhitaji kwenda. Tumsifu alipovuka korongo na kuliona shamba la Mama Loisi, alishika mashavu kwa furaha.

"Hassani! Tazama! Hii ndiyo rangi niliyoiota!"

Mama Loisi alikuwa amekaa kwenye kigoda hatua chache kutoka hapo, anafungwa kilemba. Kiswahili anakisikia vizuri sana. Hakugeuza hata uso.

Sini yenyewe ilikuwa rahisi: mama anapita shambani, anashika jani, anaendelea. Alipita. Alishika jani. Tumsifu akasema, "Kata, safi sana," watu wakaanza kukusanya vitu. Mama Loisi akaendelea kutembea. Mstari wa kwanza hadi mwisho, akageuka, mstari wa pili, anashika shina moja moja, anaangalia chini kabisa penye mizizi kama bado pana kijani. Hakuwa anaigiza. Alikuwa anakagua chakula chake.

Nilimwona Tumsifu akimtazama, na nikaona furaha ikimtoka usoni taratibu, mpaka ikaisha.

Alikuja kusimama karibu yangu. Ni mara ya kwanza tangu korongoni.

"Mama, shamba hili likikauka kabisa, atakula nini?"

"Atauza mbuzi. Wakiisha, atakwenda kulima kwa watu."

"Umri ule?"

"Umri ule."

"Na mimi nilishangilia," akasema.

"Ulishangilia," nikasema. Sikumpunguzia.

Februari 17

Amekwenda kumwomba radhi. Nilikuwepo, nimeombwa kuwepo. Tumsifu alipiga magoti kabisa, kama walivyomlea kwao. "Mama, nisamehe. Jana nilifurahia shida yako."

Mama Loisi alikuwa anachambua mlenda. Akauchambua kwanza, akaumaliza.

"Inuka, utachafuka," akasema. "Wewe unaomba jua. Mimi naomba mvua. Mungu ni mmoja. Tumwache achague." Kisha akaniangalia mimi, jicho moja amelifumba. "Na huyu wa Kongwa aombe mawingu yake yarudi."

Tulicheka wote watatu, Tumsifu huku machozi yanamtoka.

Tulipokuwa tunavuka kurudi, katikati ya mchanga, akasimama. "Mama Dorkasi, siku ile hapa. Sijui kama ulikuwa sahihi."

"Hata mimi sijui."

"Lakini ningekuwa wewe, nadhani nisingethubutu. Kuanzia sasa ukisema tunatoka, tunatoka."

Nikasema sawa. Nikamwambia pia kwamba ule mwanga ulikuwa mzuri kweli, nilikuwa nauona.

Februari 24

Kanisani wameombea mvua. Msikitini pia, Hassani amesema. Nasi tumesimamisha kazi asubuhi ile, hakuna aliyeuliza kwa nini.

Machi 1

Jua, lakini upepo umegeuka.

Machi 4

Nataka kuiandika siku ya leo vizuri.

Sini ilikuwa hii: mwana ameleta gari, amepakia vyombo, na mama anakataa kupanda. Skripti inasema vumbi, jua, ukavu. Tulikuwa na vumbi lote duniani. Edward kwenye usukani, Mama Loisi mbele ya mlango wake, Hassani tayari. Nilikuwa nimejaza mapafu kusema "Kimya!" nikasikia ile harufu.

Nikageuka. Ilikuwa inakuja kutoka ng'ambo ya shamba, inatembea, ukuta wa kijivu. Tone la kwanza likaniangukia mkononi, kubwa kama sarafu.

Najua kazi yangu. Nilianza kupiga kelele funika jenereta, funika masanduku, nyaya juu, zima taa. Watu walikimbia huku na huku. Nilipotazama mbele, Mama Loisi hakuwa mlangoni. Alikuwa anakimbia kwenda shambani. Mwanamke wa umri ule, anakimbia, kilemba kimeanguka. Hassani amevua shati, amelitupia juu ya kamera, yuko nyuma yake.

Hakuna aliyekuwa amesema "action."

Mama Loisi alifika katikati ya uwele, akainua uso. Mvua ikampiga usoni, mdomoni, naye akaiacha. Kisha akapiga vigelegele, virefu, na kutoka mashamba ya jirani wakamjibu, na mbali zaidi wakajibu, mpaka bonde lote likawa linaita.

Nikasema moyoni, haya sasa, hii ndiyo picha. Mwongozaji yeyote angeuza figo yake kwa picha hii. Nikamtafuta Tumsifu nione kama anaiona. Naye alikuwa anakimbia. Nilidhani anakimbilia kamera. Aliipita kamera. Alimkimbilia Mama Loisi, akamkumbatia, wakashikana mikono wakawa wanaruka, mwanamke mzee peku na binti mwenye mabuti na vipokea sauti shingoni, wanaruka kama watoto kwenye tope.

"Mama!" Hassani akaniita bila kuondoa jicho. "Dairekta yuko ndani ya picha!"

Ni kazi yangu kuondoa watu kwenye picha. Ni kazi ninayoifanya nikiwa usingizini. Nilisimama pale nimelowa mpaka mifupani, nikamwacha.

Machi 5

Mvua imenyesha usiku kucha na inaendelea. Tumekaa wote barazani kuitazama picha ya jana. Haifai hata kidogo. Kila palipo na Mama Loisi pana mabuti ya Tumsifu. Tumsifu ameitazama mara tatu na kila mara amecheka zaidi.

Na gari la Edward limezama kwenye tope mbele ya nyumba mpaka kwenye milango. Tulikuwa tunalia kwamba sini imeharibika, mara Tumsifu akaniangalia. "Mama. Na kama limezama kweli? Mwana anataka kumchukua mama yake, gari linazama, hawezi kuondoka, inabidi akae. Inabidi alime."

Edward akasema, "Nilime?"

"Utafundishwa," akasema Mama Loisi.

Machi 13

Edward analima. Anatia huruma. Uwele umenyooka.

Machi 29

Pasaka imekaribia, kazi nyingi, sijaandika. Niseme tu kwamba nimefurahi kila siku.

Aprili 16

Kesho ndiyo mwisho. Tumsifu amekuja na vikombe viwili vya chai tukakaa barazani jua likiwa bado juu. Ameniuliza swali ambalo wote huniuliza hatimaye.

"Mama, kwa nini hukuwahi kuongoza filamu yako mwenyewe?"

Watu hudhani nilinyimwa. Nilipewa, mara mbili. Nikamweleza kweli: mimi napenda ile saa kabla yeye hajafika. Chai iko tayari, waya zimelazwa, mwigizaji amevaa, ng'ombe wa jirani wameondolewa, na hakuna anayejua bado nini kitatokea. Nikishaiandaa saa hiyo nimeshiba. Kitakachofuata ni chake.

"Mimi saa hiyo huwa natapika," akasema Tumsifu.

"Najua. Ndiyo maana naweka ndoo nyuma ya gari."

Akanitazama. "Kumbe ni wewe?"

Aprili 17

Uwele umekomaa na kweleakwelea wameshuka kwa maelfu. Picha ya mwisho ilikuwa Mama Loisi juu ya dungu, kombeo mkononi, anafukuza ndege, na mwanawe anapanda kukaa naye. Tumsifu alisema "kata" kwa sauti iliyokwama. Nikashika kipaza sauti nikatangaza, "Tumemaliza!"

Watu wakapiga makofi, wakakumbatiana, ndege wote wakaruka kwa kishindo.

"Pigeni tena!" Mama Loisi akapiga kelele kule juu. "Wamekimbia! Msiache!"

Tukasimama shambani tukampigia makofi mpaka mikono ikawasha.

Mei 24, Msalato

Mama Loisi amekuja! Alikuja mjini kuonyesha macho hospitali, akashuka kwenye basi akauliza nyumba ya mwanamke wa kelele, akaletwa moja kwa moja. Amebeba unga wa uwele mpya na mlenda mkavu. Mavuno ni mazuri, anasema, siyo mengi, lakini mbuzi wote bado wako zizini.

Ernest amesonga ugali. Tumekula uani, kwenye kivuli cha mizabibu. Mama Loisi alipomaliza akanawa mikono, akajinyoosha, akaniuliza kitu ambacho inaelekea amekitunza kifuku kizima.

"Mwanangu, nikuulize. Hassani nimemwelewa, ndiye mwenye jicho. Edward ni wa kuigiza. Yule mtoto Tumsifu ndiye mwenye maneno. Wewe kazi yako pale ilikuwa nini hasa?"

Ernest akakohoa kuzuia kicheko. Nilifikiria ratiba, magari, kelele. Hakuna kilichofaa kumwambia.

"Mimi ndiye niliyekuwa nakuja kukuita, mama."

Akaitikia kwa kichwa polepole, kama mtu aliyepewa hesabu ikakubali.

"Basi ndivyo," akasema. "Maana wale wengine mimi sikuwajua. Nilikuwa naweka jembe chini kwa sababu umekuja wewe."

Nikainuka kwenda ndani kuleta chumvi. Chumvi ilikuwa mezani, mbele yetu.